Namna ya Kuisoma Safari ya Carlo Ancelotti, kwa Kiungo Anayetaka Kuwa Kocha

Hadi mwaka 2025 ni watu saba tu waliokuwa wametwaa kombe kubwa la klabu za Ulaya, ambalo sasa huitwa Ligi ya Mabingwa, wakiwa wachezaji, kisha wakalitwaa tena wakiwa makocha wakuu: Miguel Muñoz, Giovanni Trapattoni, Johan Cruyff, Carlo Ancelotti, Frank Rijkaard, Pep Guardiola na Zinedine Zidane. Ukimtoa Cruyff, aliyekuwa mshambuliaji, wote waliobaki walijulikana zaidi kwa kazi ya katikati ya uwanja. Siamini kwamba jambo hilo limetokea kwa bahati. Kiungo hucheza miaka yote akiwa na mabeki nyuma yake na washambuliaji mbele yake, na asipojua kila mmoja wao amesimama wapi hawezi hata kupokea mpira salama, kwa hiyo sehemu ya kazi ya kocha huwa ameianza kabla hajastaafu.

Mwongozo huu nauandika kwa ajili ya kiungo ambaye miguu imeanza kuwa mizito na ambaye moyoni anatamani kubaki kwenye mpira kwa njia ya kufundisha. Namchukua Ancelotti kuwa kitabu cha kusomea, kwa sababu hakuna kocha mwingine aliyetwaa Ligi ya Mabingwa mara tano, yaani mwaka 2003 na 2007 akiwa na Milan, na mwaka 2014, 2022 na 2024 akiwa na Real Madrid, wala hakuna mwingine aliyewahi kuwa bingwa wa ligi katika Italia, Uingereza, Ufaransa, Ujerumani na Hispania kabla yake. Hata hivyo, namwomba msomaji ayaweke kando makombe hayo kwa muda. Mtu anayeanza na makombe hujifunza kushangilia tu, ilhali anayeanza na makosa na mabadiliko ya mtu huyu atapata kitu cha kwenda nacho uwanjani Jumamosi.

Andaa daftari kwanza

Chukua daftari la mistari, si simu, kwa sababu utahitaji kuchora. Kila timu aliyopitia Ancelotti ipewe kurasa mbili zinazotazamana. Ukurasa wa kushoto uugawe safu tatu: alichofundishwa, alichokosea, alichokibadilisha. Ukurasa wa kulia uuache wazi kwa ajili ya michoro ya uwanja. Safu ya tatu iwe pana kuliko nyingine, kwa maana humo ndimo utakamorudi mara kwa mara. Swali la kuuliza katika kila kituo ni moja: nani alihamishwa kutoka wapi kwenda wapi, na kocha alikubali kupoteza nini ili mchezaji huyo apate nafasi?

Tafuta pia mechi chache zilizorekodiwa kwa urefu wake wote. Vipande vya mabao havitakusaidia hapa. Kiungo hufanya kazi yake kubwa sekunde kumi kabla ya bao, na sekunde hizo ndizo watayarishaji wa vipande huzikata.

Anza na walimu wake

Ancelotti alizaliwa tarehe 10 Juni 1959 katika mji mdogo wa Reggiolo, Emilia-Romagna, kwenye familia ya wakulima waliofuga ng'ombe na kuishi kwa maziwa na jibini. Alikulia kisoka Parma, akiwa kiungo mshambuliaji mwenye kufunga, na mwaka 1979 alifunga mabao mawili katika mechi ya mchujo dhidi ya Triestina iliyoipandisha Parma hadi Serie B, ligi ya daraja la pili ya Italia. Mwaka huohuo akasajiliwa na Roma, na hapo ndipo ukurasa wa kwanza wa daftari unapostahili kuanza.

Roma ilikuwa chini ya Nils Liedholm, Mswidi mpole aliyekuwa kiungo mwenyewe enzi zake za uchezaji. Wakati timu nyingi za Italia zilikaba mtu kwa mtu, Liedholm aliifundisha Roma kukaba kwa kulinda maeneo na kutulia na mpira. Katika safu ya kwanza andika hilo, kisha ongeza jina la Agostino Di Bartolomei. Huyu alikuwa nahodha na kiungo mwenye pasi ndefu na shuti kali, lakini hakuwa na mbio. Msimu wa 1982/83 Liedholm alimrudisha nyuma kabisa, katikati ya ulinzi, akacheza kando ya Pietro Vierchowod aliyekuwa na kasi ya kufukuzana na washambuliaji, na kutoka huko nyuma nahodha akawa anauanzisha mchezo wote. Roma ikatwaa ubingwa wa Italia msimu huo. Ancelotti alikuwa ndani ya kikosi hicho, akiwa na umri wa miaka 23, akiona kwa macho yake kwamba mchezaji mwenye akili na miguu mizito hatupwi, husogezwa. Lipigie mstari jambo hili, kwa sababu miaka ishirini baadaye utalikuta tena Milan likiwa na jina jingine.

Katika ukurasa huohuo andika habari za magoti. Oktoba 1981 aliumia goti na kulikosa Kombe la Dunia la 1982, ambalo Italia ililitwaa. Desemba 1983 akaumia tena, akaikosa fainali ya kombe la klabu za Ulaya ya Mei 1984 iliyochezwa Roma kwenyewe, katika uwanja wa Olimpico, ambapo timu yake ilifungwa na Liverpool kwa mikwaju ya penalti. Mchezaji aliyepitia hayo huwa ameshajua namna mtu wa benchi anavyojisikia siku ya mechi kubwa, na kocha asiyelijua hilo hupata shida sana kuongea na wachezaji wasiopangwa. Ikiwa wewe mwenyewe umewahi kukaa nje kwa jeraha, eleza kwa maandishi ulitamani kocha wako akuambie nini wakati ule. Usiruke zoezi hili.

Mwalimu wa pili ni Arrigo Sacchi, ambaye mwaka 1987 alimtaka Ancelotti Milan ingawa mwenye timu, Silvio Berlusconi, alisita kwa sababu ya magoti yale. Sacchi hakuwahi kuwa mchezaji wa kulipwa. Alitaka timu nzima isogee kama kitu kimoja, mstari wa ulinzi ukipanda karibu na viungo na washambuliaji wakirudi kukaba, na aliwafanyisha wachezaji mazoezi bila mpinzani, na wakati mwingine bila mpira, ili kila mmoja azoee kusogea pamoja na mwenzake. Kutoka kwake Ancelotti alipata nidhamu ya mfumo wa 4-4-2, yaani mabeki wanne, viungo wanne na washambuliaji wawili, akapata pia makombe mawili ya Ulaya, la mwaka 1989 kwa kuifunga Steaua București 4-0 mjini Barcelona na la mwaka 1990 kwa kuifunga Benfica 1-0 mjini Vienna.

Namna ya kutazama mechi moja

Mechi ninayoipendekeza ni ya nusu fainali ya marudiano ya kombe hilo la Ulaya, tarehe 19 Aprili 1989, Milan dhidi ya Real Madrid kwenye uwanja wa San Siro, iliyokwisha kwa 5-0. Itazame mara ya kwanza kwa raha zako. Utaona Ancelotti akifungua hesabu kwa shuti la mbali lililompita kipa Paco Buyo, kisha wakafuata Rijkaard, Gullit, Van Basten na Donadoni.

Mara ya pili chagua dakika ishirini tu, na humo umfuate Ancelotti peke yake hata mpira ukiwa mbali naye. Simamisha picha kila Milan inapopoteza mpira, uchore mahali walipo viungo wote wa Milan wakati huohuo, kisha uiachie picha sekunde tano na uchore tena. Baada ya mara nane au kumi utakuwa na michoro iliyopangana ubavu kwa ubavu, na utaona umbali kati ya kiungo na kiungo ukibaki karibu uleule ingawa wote wamehama. Hicho ndicho Sacchi alichokuwa akikifundisha. Mara ya tatu, angalia kichwa chake kabla hajapokea mpira: hesabu ni mara ngapi anageuza shingo. Zoezi hili huchosha, na mtu huona usingizi kwenye dakika ya kumi na mbili, lakini sijui njia nyingine ya kumfundisha kiungo aache kuutazama mpira.

Kaa kwanza pembeni ya mwalimu

Ancelotti alistaafu kucheza mwaka 1992, na tofauti na nyota wengi hakukimbilia kuwa kocha mkuu. Kati ya mwaka 1992 na 1995 alikuwa msaidizi wa Sacchi katika timu ya taifa ya Italia, iliyofika fainali ya Kombe la Dunia la 1994 huko Pasadena na kufungwa na Brazil kwa penalti. Alisomea ukocha Coverciano, kituo cha shirikisho la mpira la Italia kilichopo Florence, ambako kila anayetaka cheti cha juu hutakiwa kuandika tasnifu, na yake ilihusu mustakabali wa mpira na haja ya kuongeza mwendo.

Kwa msomaji wa kwetu, maana yake ni mbili. Kwanza, tafuta kocha unayemwamini umwombe uwe msaidizi wake kwa angalau msimu mmoja, hata kama kazi yenyewe itakuwa ni kupanga koni na kuandika majina ya waliochelewa. Pili, jiandikishe kozi ya leseni. Leseni za CAF, shirikisho la mpira la Afrika, huanzia ngazi ya D, na kozi zake huendeshwa na mashirikisho ya mpira ya nchi zetu, kwa hiyo huna haja ya kwenda Italia ili uanze. Jina ulilojipatia uwanjani halitachukua nafasi ya kozi hiyo.

Parma ndiyo sura ya kusoma taratibu

Baada ya kuipandisha Reggiana hadi Serie A katika msimu wake wa kwanza kama kocha mkuu, 1995/96, Ancelotti alirudi Parma, klabu iliyomlea. Kikosi kilikuwa na vijana wa ajabu: Gianluigi Buffon, Fabio Cannavaro, Lilian Thuram, Hernán Crespo. Msimu wa 1996/97 Parma ilimaliza ya pili, pointi mbili tu nyuma ya Juventus. Ukisoma msimamo wa ligi peke yake utasema kijana huyu alifaulu, na kweli alifaulu. Sasa soma safu ya pili ya daftari.

Ndani ya Parma ile kulikuwa na Gianfranco Zola, namba kumi halisi, mtu wa kucheza nyuma ya mshambuliaji. Mfumo wa 4-4-2 aliourithi Ancelotti kwa Sacchi haukuwa na nafasi ya mtu wa namna hiyo, basi akamsogeza pembeni. Zola hakufurahi, na Novemba 1996 akaondoka kwenda Chelsea, ambako mashabiki wanamkumbuka hadi leo kwa mapenzi makubwa. Kiangazi cha mwaka 1997 ukaja mtihani mkubwa zaidi. Roberto Baggio, mchezaji ambaye Ancelotti alikuwa naye Marekani mwaka 1994, alikuwa karibu kusajiliwa Parma, lakini alitaka kucheza nyuma ya mshambuliaji. Ancelotti akakataa kuugusa mfumo wake. Baggio akaenda Bologna na kufunga mabao 22 ya ligi msimu huo, akarudi katika kikosi cha Italia cha Kombe la Dunia la 1998.

Ancelotti mwenyewe amekiri hadharani zaidi ya mara moja kwamba alikosea. Napenda msomaji akae hapa muda mrefu kuliko anapokaa Madrid, kwa sababu kosa lenyewe ni la mwanafunzi mwema. Alikuwa amefundishwa jambo sahihi na mwalimu bora, akalishika kwa uaminifu, na uaminifu huo ukamfanya amwone Baggio kama tatizo la kuchora. Sisi viungo tunaoingia kwenye ukocha tunaangukia kwenye kosa hilohilo, kwa kuwa tunamrithi kocha wetu wa mwisho pamoja na mfumo wake, tukidhani kwamba mpira ndivyo ulivyo.

Hapa nitasema langu. Nilipokuwa nikisimamia timu ya vijana wa mtaani kwetu, nilikuwa na kijana mmoja mfupi, mwenye mguu wa kushoto mtamu na pasi za kukata mabeki wawili kwa mpigo. Kwa kuwa niliwahi kucheza 4-4-2 na niliipenda, nilimpeleka winga ya kushoto. Mechi baada ya mechi alisimama pale karibu na mstari wa chokaa, mpira ukimfikia mara sita au saba kwa kipindi, akiutuliza vizuri na kuurudisha kwa beki kwa sababu hakuwa na mbio za kumpita mtu. Nilimkaripia kwamba ni mvivu. Msimu uliofuata alihamia timu nyingine, akawekwa katikati, na tulipokutana nao alitupigia pasi mbili za mabao. Siku hiyo nilirudi nyumbani nikafungua ukurasa wa Parma katika daftari langu, nikaandika jina la kijana yule chini ya jina la Zola.

Tazama anavyojirekebisha

Februari 1999 Ancelotti alichukua nafasi ya Marcello Lippi kule Juventus na kumkuta Zidane. Safari hii mfumo ndio uliosogea: akaachana na 4-4-2, akacheza na mabeki watatu, na Zidane akawekwa huru nyuma ya washambuliaji wawili. Matokeo yalikuwa machungu. Mwaka 2000 aliukosa ubingwa kwa pointi moja, baada ya kufungwa 1-0 mjini Perugia siku ya mwisho katika uwanja uliojaa maji ya mvua, na mwaka 2001 akawa wa pili tena, Juventus ikamrudisha Lippi. Kocha anaweza kuwa amejifunza somo lake na bado akashindwa, kwa hiyo usipime safu ya tatu kwa makombe ya msimu uleule.

Novemba 2001 akaitwa Milan kuchukua nafasi ya Fatih Terim, na huko ndiko somo la Liedholm lilikorudi. Andrea Pirlo alikuwa amenunuliwa kutoka Inter mwaka huohuo, namba kumi asiye na mbio, katika timu iliyokuwa na Rui Costa na baadaye Rivaldo. Mapema mwaka 2001 Pirlo alikuwa amekwenda Brescia kwa mkopo, na kocha Carlo Mazzone alimrudisha nyuma mbele ya mabeki kwa sababu nafasi ya namba kumi ilikuwa na mwenyewe, naye ni Baggio yuleyule. Pirlo aliona nafasi hiyo inamfaa, akamwomba Ancelotti aendelee nayo Milan. Ancelotti alikubali, na huo ndio wepesi uliokosekana Parma.

Chora sasa kikosi cha Milan kilichoanza fainali ya Ligi ya Mabingwa ya tarehe 28 Mei 2003 kwenye uwanja wa Old Trafford, Manchester. Golini Dida, mabeki Costacurta, Nesta, Maldini na Kaladze, viungo wanne katika umbo la almasi, Pirlo chini, Gattuso kulia, Seedorf kushoto, Rui Costa juu, mbele Shevchenko na Inzaghi. Ukishachora, chukua kalamu ya rangi nyingine uandike pembeni ya kila kiungo kitu anachokikosa. Pirlo hana mbio wala nguvu ya kukaba. Rui Costa hapendi kurudi nyuma. Seedorf anataka mpira mguuni. Anayebaki ni Gattuso, na utaelewa mara moja kwa nini yupo: anafanya kazi za watu wawili ili pasi za wenzake watatu ziweze kuishi pamoja. Lizungushie jina lake wino mwekundu, kwa sababu umbo lote linasimama juu ya mapafu yake. Kocha anayeiga almasi hii bila kuwa na Gattuso wake atafungwa na timu ya kwanza yenye viungo wenye mbio. Milan ilitoka 0-0 na Juventus ya Lippi ikashinda kwa penalti 3-2, Shevchenko akipiga ya mwisho.

Kuja kwa Kaká mwaka 2003 kuliendeleza wazo hilohilo, na ubingwa wa Italia ukapatikana mwaka 2004. Wakati mwingine Ancelotti alipanga viungo watatu, wawili mbele yao na mshambuliaji mmoja juu, umbo ambalo wengi walilifananisha na mti wa Krismasi.

Fainali ya Istanbul, tarehe 25 Mei 2005, itazame hata kama wewe ni shabiki wa Liverpool. Milan ilikwenda mapumziko ikiongoza 3-0. Rafael Benítez alimwingiza Dietmar Hamann akae karibu na Kaká, na Steven Gerrard akapata uhuru wa kupanda. Mabao matatu yakaingia kati ya dakika ya 54 na ya 60, na Liverpool ikashinda kwa penalti. Chora nafasi za viungo katika dakika ya 40, kisha katika dakika ya 55. Almasi ina watu wanne, lakini upana wake ni mdogo, na mpinzani akiongeza mtu katikati huku mabeki wake wa pembeni wakipanda, wale wanne huanza kukimbizana na mpira. Miaka miwili baadaye, mjini Athens, Ancelotti alikutana na Liverpool ileile akiwa na Ambrosini, Pirlo, Gattuso na Seedorf nyuma ya Kaká, na mshambuliaji mmoja tu, Inzaghi, aliyefunga mabao yote mawili ya ushindi wa 2-1. Weka michoro ya Istanbul na Athens ukurasa mmoja. Nadhani hakuna ukurasa katika daftari hili wenye faida zaidi.

Vituo vya kupita haraka, na viwili vya kusimama

Chelsea alitwaa ligi na Kombe la FA mwaka 2010 kwa mabao 103 ya ligi. Paris Saint-Germain akatwaa ubingwa mwaka 2013. Bayern mwaka 2017. Andika mistari michache uendelee. Miaka ya Napoli na Everton isome kwa ajili ya jambo nitakalolitaja baadaye.

Simama kwanza Madrid, msimu wa 2013/14. Klabu ilimnunua Gareth Bale na kumuuza Mesut Özil, na Ángel Di María akaonekana hana nafasi, kwa kuwa pembeni kulikuwa na Bale na Cristiano Ronaldo. Ancelotti alimleta ndani, upande wa kushoto wa viungo watatu, pamoja na Xabi Alonso na Luka Modrić. Winga akawa kiungo anayekimbia na mpira kutoka katikati. Katika fainali ya Lisbon tarehe 24 Mei 2014, baada ya Sergio Ramos kusawazisha kwa kichwa dakika ya 93, ni Di María aliyewapita mabeki wa Atlético katika muda wa nyongeza na kupiga shuti ambalo kipa alilipangua, Bale akalimalizia. Mchezo ukaisha 4-1. Zidane alikuwa msaidizi katika benchi hilo, na mwaka 2016 alianza mwenyewe kutwaa kombe hilo mara tatu mfululizo.

Kituo cha pili ni msimu wa 2023/24. Karim Benzema alikuwa ameondoka na hakuna mshambuliaji wa kiwango chake aliyenunuliwa. Jude Bellingham, kiungo wa miaka 20, akawekwa juu ya almasi, nyuma ya Vinícius na Rodrygo, akiruhusiwa kuingia ndani ya boksi kana kwamba ndiye namba tisa. Alifunga mabao 19 ya ligi, na Madrid ikatwaa ligi na Ligi ya Mabingwa. Linganisha na Di Bartolomei wa mwaka 1982: huyu amesukumwa mbele na yule alivutwa nyuma, lakini swali lililoulizwa ni lilelile, yaani mchezaji huyu anafaa zaidi wapi, na nani atafanya kazi anayoiacha.

Ukurasa wa kufukuzwa

Tenga ukurasa mmoja wa nyuma kwa jambo ambalo kozi nyingi hulipitia juujuu. Ancelotti alifukuzwa Chelsea Mei 2011, siku ileile ya mechi ya mwisho, akiwa bado ndani ya uwanja wa Everton, mwaka mmoja tu baada ya kutwaa mataji mawili. Alifukuzwa Bayern Septemba 2017 baada ya kufungwa 3-0 na Paris Saint-Germain. Napoli ilimwachisha kazi usiku wa tarehe 10 Desemba 2019, muda mfupi baada ya kushinda 4-0 dhidi ya Genk na kuvuka hatua ya makundi. Kabla mwezi huo haujaisha alikuwa ameshaanza kazi Everton, na mwaka 2021 Real Madrid, iliyomfukuza mwaka 2015, ikamwita tena. Kurudi huko kunahitaji mtu anayeondoka bila kuchoma daraja nyuma yake, na ninaamini ndiyo sababu mojawapo iliyoifanya Brazil imkabidhi timu yake ya taifa Mei 2025, nchi isiyo na kawaida ya kufundishwa na mgeni. Tafuta alichosema kila alipofukuzwa, unakili maneno yake, na uangalie kama kuna mchezaji aliyelaumiwa ndani yake.

Kulipeleka daftari uwanjani

Ukifika hapa utakuwa umetumia kama wiki sita, ukisoma jioni mbili kwa wiki. Sasa funga kurasa za Ulaya na ufungue ukurasa mpya wenye jina la timu yako. Andika majina ya wachezaji wote bila kuwapangia namba. Mbele ya kila jina weka kitu kimoja anachokifanya kuliko wenzake wote, na kimoja asichokiweza kabisa. Usichore mfumo kabla orodha hiyo haijaisha. Ukiona wachezaji wawili wanagombea eneo moja, jaribu kumrudisha mmoja nyuma mita kumi na tano katika mazoezi ya Jumanne, kisha mweke ubavuni mwake mtu mwenye mapafu ya kumlinda. Mwambie kabla ya mazoezi kwa nini unamhamisha, mkiwa wawili tu, na umuulize anavyojiona. Pirlo aliomba mwenyewe, lakini wachezaji wengi hawataomba, hasa kijana anayemwogopa kocha. Mpe mechi tatu. Katika kila mechi mpe mtu wa benchi kazi ya kuhesabu mara ambazo mchezaji huyo amepokea mpira akiwa ameelekea mbele, na idadi hiyo uiandike katika safu ya tatu, ubavuni mwa jina lake, usiku huohuo kabla hujalala.